Mluzi wa Baba na Fidla ya Mgeni

Leo ni Jumamosi, na nawaahidi, marafiki, kusimulia yote, hata pale nilipoona aibu.

Baba yangu amepiga mluzi katikati ya tamasha!

Klabu ya muziki ya shule yetu ilitoka Karatu kwenda Rhotia kuwasikiliza wanamuziki kutoka Poland. Baba alikuja kutoka nyumbani Loliondo ili aamue kama nibaki kwenye klabu, ninakojifunza kinanda, au niache. Alikuwa ameshasema, "Kwani kinanda kitachunga ng'ombe?"

Wageni walipiga muziki wa watunzi wao wakubwa. Baba akapiga miayo.

Kisha mama mmoja kati yao, mwenye fidla, akatueleza kwamba watunzi hao walichota mengi kwenye nyimbo za vijijini. Akapiga wimbo wa wachungaji wa milimani kwao, wa kushusha kondoo.

Baba akasimama. Akapiga mluzi wake wa kunywesha ng'ombe, mrefu, bila haya.

Wenzangu wakacheka. Mimi nikatazama viatu vyangu.

Lakini yule mama aliufuatisha mluzi kwa fidla. Baba akarudia. Mwalimu wetu wa klabu akaninong'oneza, "Nenda kwenye kinanda, binti. Huo si unaujua?"

Naujua tangu utotoni! Nikaupiga. Tukawa watatu.

Ng'ombe wa jirani wakaja mpaka kwenye uzio wa uwanja wa tamasha. Sitanii.

Baba akamwambia mwalimu, "Nilidhani mnawafundisha mambo ya watu wasio na mifugo. Aendelee."

Aendelee! Najivunia klabu yetu, na Baba zaidi.

Sasa mwalimu anataka tupige nyimbo za kwetu. Nijibuni leo hii: nyumbani kwenu mnaimba nini mkiwa na mifugo au shambani?