Msumari wa Reli ya Kinyangiri

Jumanne, katika ofisi moja ambayo sitaitaja, bibi mmoja wa Kinyangiri aliyekuwa mbele yangu kwenye foleni alisukumiwa ramani. Nyumba yake imepigwa alama nyekundu ya X, ati imo ndani ya hifadhi ya reli.

"Shikamoo, bibi," alianza kijana wa kaunta, kwa adabu zote. "Reli inapita hapa." Akaburuta kalamu kwenye ramani, taratibu, mpaka ikamfikia bibi mlangoni.

"Marahaba. Mjukuu wangu, wewe umewahi kuiona hiyo reli?"

Reli hiyo waliitandika wakoloni, kwa migongo ya akina baba yake bibi waliobebeshwa udongo wa tuta. Kisha wakoloni haohao wakaing'oa wakaondoka nayo, bibi hajazaliwa.

"Itarudi lini?"

"Sina taarifa hiyo, bibi. Lakini njia yake lazima iwe wazi."

Bibi akafungua fundo la kanga, akaweka juu ya kaunta msumari mnene uliojaa kutu.

"Nimelima pale maisha yangu yote, nimeokota huu tu. Ndiyo reli yote iliyobaki. Chukueni, mniachie nyumba."

Kijana akaugeuzageuza, kisha akautia kwenye droo.

"Hii ni mali ya umma, bibi. Usirudie kuokota."

Treni za kuchelewa nimezisubiri sana, hata kutwa nzima. Sikujua kuna inayoondoka kabla hujazaliwa, halafu ikarudi kukugonga umeketi jikoni kwako.