Nusu Saa Baada ya Alasiri

Mimi wasiwasi ndio kazi yangu. Mbuzi akikohoa, nishamwita mchinjaji. Binti yangu alipopata mimba ya kwanza kule Takaba alikoolewa, nilimpigia simu mara kumi kwa siku, hadi mumewe akawa anaipokea yeye. Nilikuwa silali wala sili. Presha ikapanda, wanangu wakanipeleka zahanati hapa Galbet.

"Tenga nusu saa ya wasiwasi kila siku," muuguzi akaniambia. "Wasiwasi ukija kabla ya hapo, uambie usubiri."

"Na ukikataa kusubiri?"

Akacheka. Mimi sikuwa natania.

Lakini nilijaribu. Nilichagua baada ya sala ya alasiri: naketi mkekani, naogopa kila kitu kwa zamu, kisha nainuka nikapike. Simu ya Takaba nikaiweka Ijumaa tu. Kila Ijumaa binti alisema, "Nabad, Hooyo," yaani salama, mama, nami nikaridhika. Usingizi ukarudi. Hata nilinenepa kidogo, nikaanza kujisifu kwa majirani kama mtu aliyeacha sigara.

Mwezi wake ulipokaribia nikatengeneza nyirinyiri, zile nyama ndogondogo zilizokaangwa na kuhifadhiwa kwa samli, ambazo kwetu mama humpelekea bintiye anapojifungua. Nilijaza ndoo nzima, nikaipakia kwenye lori la mifugo lililokuwa likirudi Takaba. Ijumaa nikampigia kumwambia ndoo iko njiani, na asiiguse mpaka mtoto atoke.

Akampa mtu simu. Kisha nikasikia sauti ya mama mkwe wake.

"Mtoto tulishamzika, dada yangu. Hii ni wiki ya tano."

Ijumaa tano nilikuwa nimeongea naye. Nilizihesabu nikiwa nimesimama jikoni, mikono bado inanuka samli. Niliona aibu kabla ya kuona uchungu, na hilo sijajisamehe.

Mwanangu wa kiume alikuwa chumba cha pili. Nilipomtazama tu nikajua alikuwa na habari tangu mwanzo. Nikamuuliza mbona mlinificha, mimi mzazi wenu.

"Hooyo," akasema, "ulikuwa umeanza kulala."

Siku hizi binti hunipigia mwenyewe, ananiambia hajambo, ameshapona. Simwamini, na katika nyumba hii hakuna ninayeweza kumuuliza.