Nduku Akaitwa Mwanga

Nilipokuwa mtoto, wenzangu walichunga mbuzi, mimi nikawa mkuu wa chuo. Msicheke. Kilikuwa chuo cha uchawi wa mwanga, cha kwanza na cha mwisho katika vilima vyote vya Machakos, na nilikianzisha kabla sijamaliza darasa la tano, darasa ambalo, tukisema ukweli, sikulimaliza kamwe.

Jengo letu lilikuwa tuta la shamba chini ya nyumba ya Susu, yaani nyanya yetu. Vitabu vyetu vilikuwa vipande vya kioo: kimoja cha kabati lililovunjika, kingine cha pikipiki ya katekista, na sitasema tulikipataje. Tulikuwa na masomo matatu. La kwanza Kushika: unalishika jua ndani ya kioo mpaka likubali. La pili Kutupa: unalituma unakotaka, na mimi nililituma ng'ambo ya bonde likatua kwenye upara wa mwenye duka, akajipiga makofi akidhani ni nyuki. La tatu, la wakubwa tu, Kukunja: mwanga unatoka kwenye kioo changu, unagonga cha Mutinda, rafiki yangu, unapinda, unaingia mahali ambapo jua halijafika tangu dunia iumbwe. Siku moja tuliuingiza kwenye ghala ya mahindi ya Susu, isiyo na dirisha hata moja. Panya wakatoka mbio. Mutinda husema walikuwa wawili. Mimi nasema lilikuwa jeshi.

Chuo kilikuwa na sheria moja kali, ya majina. Kwetu Ukambani mtoto hupewa mara nyingi jina la saa aliyozaliwa. Mimi ni Kioko, wa asubuhi, nani angenipinga? Lakini dada yangu mdogo alizaliwa gizani akaitwa Nduku, na wa usiku hakuruhusiwa chuoni. Basi alikaa juu ya tuta akituuliza, "Sasa umefika wapi? Umefika kwa mbuzi?" Tulidhani anatusumbua. Kumbe alikuwa haoni.

Macho yake yaliziba polepole, kama chai inavyoota utando. Mama alimpeleka hospitali mjini, akarudi na jibu kwamba macho yale hayatarudi. Kukapatikana nafasi katika shule ya wasioona, mbali, upande wa Pwani. Shule zikifunguliwa Nduku angeenda akalale huko, yeye ambaye hakuwa amewahi kulala mbali na mgongo wa mama.

Susu aliposikia hakulia. Alikuwa anapepeta ndengu.

"Ni jina," akasema. "Usiku umemjua."

"Kwani jina haliwezi kubadilishwa, Susu?"

"Kaka yangu aliitwa Mbiti, fisi. Waliomtangulia walikufa wote, sasa yeye akapewa jina baya ili kifo kikimwona kimdharau. Kikamdharau mpaka akaota mvi." Kisha akanielekezea ungo, maana alikijua kichwa changu. "Lakini wewe kavisi, wewe kijana, usicheze na jina. Ukimpa mtu jina, atalibeba mpaka mahali ambapo wewe hauko."

Nilisikia ile sehemu ya fisi tu. Hayo mengine yalipita.

Tukamwingiza Nduku chuoni. Nilitaka giza tuliondoe pale lilipo zito zaidi, kwa hiyo nikamsimamisha ndani ya ghala, katikati ya magunia. Jua lilikuwa kali la mchana. Nikalishika, nikalitupa kwa Mutinda, Mutinda akalikunja, likaingia mlangoni likatua kifuani pa dada yangu.

"Wewe ni nani?" nikauliza kwa sauti ya askofu.

"Nduku."

"Wewe! Tulisema nini?"

"Pole. Mimi ni Mwanga."

"Na unaona nini, Mwanga?"

Akatega sikio upande wetu. Kisha akatabasamu. "Naona nyinyi wote."

Mutinda alipiga yowe akaangusha kioo. Mimi nilikimbia jikoni nikamwambia mama kwamba hakuna kwenda Pwani, nimemponya. Mama alikuja na unga mikononi. Akavua kitambaa chake chekundu, akakiinua juu mbele ya mtoto.

"Nimeshika nini, mwanangu?"

Nduku alinusa hewa. "Unga," akasema.

Mama alikishusha kitambaa taratibu, akamfuta nacho vumbi usoni. Shule zilipofunguliwa, Nduku akaenda.

Tulimtembelea siku ya wazazi. Mlezi wa bweni, mama wa Pwani mwenye sauti ya upole, alituvuta pembeni. "Mtoto wenu ana nini? Namwuliza jina, anasema yeye ni Mwanga. Wenzake hawataki kulala karibu naye."

"Si mwanga wa jua?" nikasema.

"Kwetu mwanga ni mchawi, baba. Yule anayetoka usiku kuwachezea watu wamelala."

Kiswahili changu nilikiokota darasani na redioni. Hakuna aliyeniambia kwamba neno lile lina uso wa pili. Machakos tulikuwa na uso mmoja tu.

Nilimkuta Nduku ameketi peke yake kwenye kivuli cha tangi la maji. Nikamwambia, "Waambie wewe ni Nduku. Sema tulikosea."

"Siwezi, Kioko. Nikisema Nduku, usiku utajua niko hapa." Halafu akacheka kidogo. "Hawa ndio hawajui Kiswahili. Nitawafunza."

Na aliwafunza. Alimaliza masomo, akabaki kulekule akawa mwalimu, na mnajua wa somo gani? Kiswahili. Wanafunzi walimwita Mwalimu Mwanga. Lakini miaka ile ya kwanza, kabla hawajamzoea, alilala kitanda cha ukutani peke yake, na sisi hapa nyumbani tulikuwa tunakula ndengu na kucheka.

Mwaka huu alirudi ndani ya jeneza. Homa, wakasema, fupi tu. Tulimchimbia kwenye lile tuta la chuo. Msalaba uliandikwa Nduku, kama kitambulisho kilivyosema, na mimi sikubishana na mchoraji. Ila siku hizi ninakata vioo mjini Matuu, mimi ni fundi ambaye hana mpinzani, ulizeni. Nilikuja na kimoja kizuri ndani ya koti. Mutinda, sasa na mguu wake mbovu, nilimpa kingine.

Jua la alasiri lilikuwa limelala. Kaburi lilikuwa giza chini. Nikashika, nikatupa. Mutinda akakunja. Mwanga ukashuka ukutani ukitetemeka, ukatua juu ya kifuniko.

"Hiyo ni nini?" pasta akanong'ona.

"Ni shule, pasta," Mutinda akajibu.

Watu wakasubiri na sepetu zao. Jua lilivyozidi kushuka, mwanga ulitaka kuhama, nami nikawa naurudisha, naurudisha, mpaka mkono ukafa ganzi.

Nimesema uongo mwingi maishani, na hata wale panya, sawa, walikuwa wawili. Lakini uongo mkubwa wa chuo chetu haukuwa wangu. Uliambiwa na mtoto aliyesimama gizani katikati ya magunia, akasema anatuona sote, kwa sababu alisikia jinsi tulivyotaka aone. Susu alisema atalibeba jina mpaka mahali ambapo sipo. Nilisimama pale ukingoni kadiri nilivyoweza. Kisha nikateremsha kioo, nikawaambia wafukie.