Nguo Nyeusi Njia ya Ndosho

Nyuma ya pikipiki hakuna mazungumzo. Upepo unakula maneno, motari anatazama mashimo yake, nami nabaki na mgongo wake na mawazo yangu kutoka Mugunga hadi famasia ninakouza dawa mjini. Wengine husali njiani. Mimi hupanga kisasi.

Nyumba yetu iko Ndosho, kando ya barabara. Mume wangu alipofariki, mdogo wake alihamia na mizigo yake kabla udongo wa kaburi haujakauka, na masufuria yangu akayatoa nje, yakapakiwa kwenye chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kubebea mizigo, nami nikahamia Mugunga. Alisema ni mali ya ukoo. Huyo nilikuwa nikimpikia. Kikulacho ki nguoni mwako.

Lakini haraka yake ilimsahaulisha jambo moja. Kwetu mjane havui nyeusi mwenyewe. Ukoo wa mume humwita, misa inasomwa, watu wanakula, kisha wao ndio wanaomvika kitenge kipya. Hapo ndipo matanga huisha. Mimi sikuitwa. Basi kila asubuhi nilipita mbele ya lango na gauni langu jeusi, nimekaa wima, motari nimemwomba apunguze mwendo. Shemeji akiniona hugeuza uso. Nilifurahi sana, sifichi.

Asubuhi moja nikakuta mzee amesimama langoni na shemeji, mfanyabiashara wa Butembo, anaupima ukuta kwa macho. Kumbe shemeji alikuwa amepata mnunuzi. Nikashuka, nikawasalimia vizuri wote wawili.

"Mama, uko unalilia nani?" mzee akaniuliza.

"Mwenye hii nyumba, papa. Bado hawajanitosha matanga, hawajanivua hii nyeusi."

Mzee akamgeukia shemeji. "Uliniambia kilio kiliisha. Mimi siwezi nunua nyumba iko na kilio." Akaenda zake.

Wiki ile ile shemeji akanifuata famasia, kitenge kwapani, na sauti ya upole ambayo sikuwahi kuisikia kwake.

"Shemeji, tafazali. Kuja dimanshi, kisha misa tutakuvalisha."

"Nitakuja siku utatoka mule ndani ya nyumba yangu," nikamjibu, nikamhudumia mama aliyekuwa nyuma yake.

Kesho yake nikapanda pikipiki na gauni lile lile. Mume wangu nilishamaliza kumlilia. Nyeusi hii sasa naivaa kwa ajili ya mdogo wake, na yeye anajua.