Mashahidi wa Tabia Yangu

Mwaka wa pili wa korona nilinyimwa leseni ya uwakili kwa sababu watu watatu walinisifu kwa maneno yale yale. Bodi inayosimamia mawakili hapa Sydney ilitaka barua za watu wanaoijua tabia yangu. Niliwaomba waumini watatu wa kanisa letu la Waswahili, nao wakafanya kama tufanyavyo siku zote: wakaenda kwa katibu wa kanisa, mwenye mkono wa kuandika. Akaandika moja, kila mtu akatia sahihi nakala yake. Zote zilisema mimi ni mpole. Mimi, mpole! Bodi ikaamua nimezitunga mwenyewe, na mghushi hafai kuwa wakili.

Nilitaka kwenda mahakamani siku hiyo hiyo. Nilizunguka uani kwetu Penrith nikiihutubia kamba ya nguo. Mume wangu aliniacha nimalize, kisha akasema, "Hasira hasara. Si wewe ndiye uliyesoma sheria? Kata rufaa kwao wenyewe kwanza."

Alisema kweli. Kabla ya jaji, ningeweza kuiomba bodi ipitie upya uamuzi wake, mbele ya jopo jingine. Wakikataa tena, ingebaki mahakama tu, na kesi huburuta miaka huku mimi napanga maboksi ghalani.

Jopo lilitusikiliza, mimi na wale watatu, kwa video, kwa kuwa tulikuwa tumefungiwa majumbani. Nilivaa koti la suti juu, leso chini, na moyo ulinienda mbio kwa hofu na raha pamoja. Hatimaye nilikuwa nabishana na watu wa sheria! Mwenyekiti akamtaka kila shahidi aseme jambo moja ambalo halimo kwenye barua. Wawili wa kwanza wakasema mimi ni mpole.

Wa tatu alikuwa mama Mkongomani wa Minto, aliyenipokea nilipofika nchi hii. Kwenye skrini alionekana kipaji cha uso tu. Alizungumza Kiswahili, mkalimani akitafsiri.

"Huyu mtoto alinikosea," akaanza. Nikashika meza.

"Ndugu yangu alifia Auburn, hapa hapa Sydney. Njia zilifungwa, wa kazi tu ndio walipita. Nikamuomba aniandikie karatasi ya uongo ya kazi, niende kwa matanga. Akakatala. Nililia ndugu yangu kwa telefone. Mpaka leo moyo yangu inauma."

Mwenyekiti akamuuliza kama, pamoja na hayo, bado anataka niwe wakili.

"Sasa nani mwingine? Alinikatalia mimi mama yake, nikilia. Ataogopa nani?"

Uamuzi ulitoka wiki hiyo hiyo: leseni nimepewa, mahakamani siendi! Niliruka sebuleni nikipiga kelele mpaka jirani akachungulia juu ya uzio. Nikampigia yule mama wa Minto. Akapiga vigelegele, masikio yangu yakaziba. Kisha akaanza kumlilia nduguye upya, nami nikabaki kwenye simu, nikamlilia pamoja naye.