Kwenda Kilioni kwa Basi la Watalii

Binti yangu alipoiweka karatasi ya safari ya meli mezani kwetu St Marys, kitongoji cha Sydney, nilikuwa tayari kumkatalia kwa mara ya tatu. Mimi si mtu wa kupanda meli yenye bwawa la kuogelea juu yake na muziki asubuhi kabla ya sala. Nilimshukuru hata hivyo, maana ni mtoto mwema, kazi yake ya kuwatunza wazee inamuumiza mgongo, na likizo yake yenyewe haitoshi hata kulala. Kisha nikasoma orodha ya visiwa ambavyo meli ingesimama baada ya kutoka Sydney, nikakiona kisiwa cha rafiki yangu.

"Hapa tunafika siku gani?"

"Siku ya nne, Papa. Unapajua?"

"Basi tutakwenda," nikasema.

Rafiki yangu huyo na mkewe waliishi mtaa wa pili kutoka kwetu kwa miaka sita. Kisiwani kwao wako watu waliosoma kwa Kifaransa, kama sisi tuliotoka Kongo, kwa hiyo tangu Jumapili ya kwanza tuliyokutana kanisani tulikuwa na lugha ya kusemea mambo ya moyoni, wakati Kiingereza chetu sote kilikuwa bado cha kuombea dawa tu. Mke wangu alipofariki, mke wake alifika nyumbani kwetu hata kabla ya mchungaji. Alivua viatu mlangoni, akaketi kwenye mkeka pamoja na mama zetu, akakaa siku tatu. Nyimbo zetu hakuzijua. Maneno yetu hakuyaelewa. Aliketi tu, na siku ya tatu akasugua masufuria yote. Baadaye walirudi kwao, na huyo mkewe akaugua, akafariki.

Habari ilinifikia kwa simu. Niliandika maneno mawili ya kumwombea marehemu, lakini pole sikuitoa. Kwetu Uvira pole ya kweli mtu huipeleka kwa miguu yake. Unafika, unaketi, unanyamaza. Mwenye msiba ndiye anayefungua neno, anakueleza ugonjwa ulivyoanza na siku ya mwisho ilivyokuwa, na hapo ndipo nawe unasema. Kwa mwaka mzima na zaidi deni hilo la kuketi lilikuwa juu yangu, na kila nilipopiga magoti nililikuta hapo.

Binti yangu alitafuta akapata ziara ya pwani ya saa mbili na nusu. Vituo vinne, na cha tatu kilikuwa kijiji cha rafiki yangu, dakika ishirini. Akafurahi sana.

"Sasa mpigie simu, Papa, ajue tunakuja."

"Kilioni mtu hajitangazi. Ukijitangaza, wenye msiba wanaanza kuhangaika kupika."

"Papa, ni zaidi ya mwaka."

"Mimi sijafika. Kwangu bado ni mbichi."

Hakubishana. Leo namkumbuka alivyonyamaza, na ninaona kwamba alikuwa na haki ya kubishana.

Meli haikuweza kufika gatini, tukashushwa kwa boti ndogo. Kando ya gati palikuwa na safu ndefu ya meza chini ya maturubai, watu wa kisiwa wanauza vikapu, shanga, madafu. Nilitaka kusimama niwasalimu, maana huwezi kuingia nchi ya watu ukapita kama mbuzi. Nilisalimia meza ya kwanza na ya pili. Kwenye ya tatu kiongozi wetu, baba mmoja mnene mwenye shati la maua na filimbi shingoni, akanipungia.

"Familia! Sokoni mtakuja mkirudi! Basi linaondoka!"

Alituita familia muda wote, watu kumi na wanane ambao hatukujuana.

Kituo cha kwanza kilikuwa jiwe. Sisemi kwamba halikuwa zuri. Mungu aliliweka pale baharini, mawimbi yanalipiga, nami nilimshukuru kwa kazi ya mikono yake. Lakini kushukuru kulinichukua dakika mbili, na tulikaa pale ishirini na tano. Kiongozi alieleza kwamba jiwe ni mwanamke anayemngoja mumewe, kisha akaeleza tena kwa waliokuwa wakipiga picha, kisha mama mmoja wa kutoka Melbourne mwenye kofia kubwa akataka apigwe picha aonekane kama amelishika jiwe kwa vidole. Mumewe alimwambia rudi nyuma, sogea kushoto, inua mkono. Jiwe halikuingia vidoleni. Wakarudia.

"Kiongozi," nikasema, "kile kijiji tutafika saa ngapi?"

"Mzee, ukiwa kisiwani unaacha saa yako kwenye meli!"

Watu wakacheka. Mimi pia nilicheka, kwa adabu. Mtu aliyeniambia niache saa ndiye aliyekuwa na filimbi.

Kituo cha pili kilikuwa bwawa la maji ya chumvi, la buluu mpaka chini. Waliotaka kuogelea waliogelea. Kisha wakangojwa wajifute. Kisha mmoja akarudi kutafuta kiatu. Niliketi ndani ya basi, mlango wazi, nikasali nipewe uvumilivu, na nakiri kwamba sala hiyo niliisema kwa meno. Binti yangu alikuja na kunishika bega.

"Papa, dakika ishirini zetu hawazigusi. Nimemuuliza."

"Umemuuliza. Na yeye amekujibu nini?"

"Amesema tusijali."

Tulipofika kijijini kiongozi alitangaza dakika kumi na tano, kwa sababu ya kiatu.

Sikumngojea amalize. Nyumba nilimwuliza mama aliyekuwa akifagia, akanionyesha, ya pili baada ya kanisa, yenye ua wa majani mekundu. Nilimwacha binti yangu nyuma akifunga viatu, nikaenda kwa hatua za mzee anayejaribu kutokimbia. Barazani alikuwa ameketi mama wa umri wangu, anasuka majani ya mkeka. Sura yake ilikuwa sura ya rafiki yangu, nikajua ni dada yake. Nilimsalimu kwa Kifaransa. Akaitika, akaniangalia nilivyolowa jasho, akanisogezea mkeka.

Nikaketi. Nikavua kofia, nikainamisha kichwa, nikanyamaza.

Naye akanyamaza. Moyo wangu ukatulia kwa mara ya kwanza siku ile. Nikajiambia, kumbe na hawa desturi yao ni moja na yetu, tumbo la mama mmoja. Aliinuka akaniletea dafu. Nikalipokea kwa mikono miwili. Akachukua kipepeo cha majani akanipepea. Nikaona heshima kubwa, hata machozi yakanilenga. Binti yangu alifika, akaketi nyuma yangu, akanong'ona, "Papa, sema."

"Si mimi wa kuanza."

"Papa, dakika sita zimebaki."

"Wenye msiba ndio wanaofungua neno. Anakusanya nguvu, mwache."

Nilimngoja afungue neno. Nilidhani rafiki yangu yuko ndani, anavaa shati la kupokea wageni. Sikuuliza, kwa sababu mgeni wa kilio haulizi fulani yuko wapi. Nilikuwa nimeshika desturi mpaka mwisho, kama mtoto aliyekariri somo. Filimbi ikalia barabarani. Yule mama akaniinamia kwa huruma na kusema:

"Sasa unajisikia vizuri? Jua letu ni kali kwa wazee. Kila meli ikija hawakosi mmoja wa kupumzika hapa kwangu."

Alidhani nimezidiwa na joto.

Nilimwambia hapo hapo, mbio mbio, bila mpangilio: mimi ni nani, natoka wapi, nimekuja kwa ajili ya wifi yake. Dafu likaniponyoka. Yule mama akajishika mdomo.

"Kwa nini hukusema? Kaka yangu hayupo! Siku za meli wote wako gatini. Anauza madafu tangu alfajiri, meza ya nne kutoka kwenye boti!"

Mimi nilisimamishwa kwenye ya tatu.

Filimbi tena, ndefu. Binti yangu aliniinua kwa kwapa. "Papa, banatungojea. Twende, tutamkuta kule kule, ni afadhali." Yule mama alikuwa tayari anahangaika na simu ambayo haikushika mtandao, akaizungusha hewani, akatufuata mpaka kwenye basi akisema atajaribu, atajaribu.

Nilimwomba kiongozi aruke kituo cha nne. Nilimweleza yote kwa Kiingereza changu, na binti yangu akarudia kwa Kiingereza kizuri zaidi. Alinisikiliza, sina budi kusema ukweli, na uso wake ukabadilika.

"Pole sana, mzee. Lakini watu hawa wameahidiwa kituo cha mwisho. Nikikiruka wataandika malalamiko, na meli haitanipa kazi tena."

"Tufupishe basi."

"Tutafupisha."

Kituo cha mwisho kilikuwa duka. Duka lenye vinyago vya kiwandani na taulo zenye picha ya kasa. Walifupisha kwa dakika tano. Yule mama wa kofia kubwa alinunua kasa wa mbao, akarudi kumbadilisha. Mimi nilibaki kwenye kiti changu nimeshika kiti cha mbele kwa mikono yote miwili, na binti yangu akasema taratibu, "Papa, unalivunja basi la watu."

"Juu ya nini hatukumpigia simu?" nikasema.

Binti mwingine angenijibu. Yeye alitazama dirishani.

Tulipofika gatini foleni ya boti ya mwisho ilikuwa imekwisha kupangwa kati ya kamba mbili, na maofisa wa meli wanahimiza. Meza nyingi zilikuwa zinafungwa. Nilitazama ile ya nne. Hapakuwa na mtu. Kisha nikasikia jina langu la ubatizo likiitwa, nikamwona anakuja anakimbia kando ya kamba, amekonda, nywele nyeupe kabisa, kisu cha madafu bado kiko mkononi. Simu ya dada yake ilikuwa imepata mtandao.

Hatukuweza kukumbatiana vizuri kwa sababu ya kamba na kwa sababu ya kisu. Foleni ilikuwa inatembea. Nikitaka kuketi, nitaketi wapi? Ofisa alisema, "Songa mbele, bwana." Nikatembea, naye akatembea upande wa pili wa kamba, na hivyo hivyo, wima, nikiangalia nisikanyage visigino vya mtu wa mbele, nilimpa pole niliyoibeba kwa zaidi ya mwaka. Ilitoka fupi na kavu, kama mtu anayeuliza njia. Niliruka sehemu ya mke wangu na siku zile tatu. Niliruka masufuria.

"Alikuwa akimtaja mkeo," akasema. "Mwishoni kabisa. Alisema..." Boti ikapiga honi. Sikusikia alisema nini.

"Alisema nini?"

"Bwana, tafadhali," ofisa akanishika kiwiko, na mguu wangu ulikuwa tayari ndani ya boti.

Binti yangu aliniambia, "Papa, angalau umesema." Nikamjibu kwamba kusema kila mtu anasema. Nilikuwa nimekasirika, na nilijua kwamba ninayemkasirikia si kiongozi wala mama wa kofia.

Boti ilipoachana na gati nilitazama nyuma. Rafiki yangu alikuwa hajaondoka. Alitazama kushoto na kulia, akaweka kisu chini, akaketi pale pale kwenye saruji, miguu mbele, uso kwetu, akainamisha kichwa. Watu walimpita na mizigo. Ndani ya boti sote tulikuwa tumeamriwa kuketi. Niligeuka kwenye benchi mpaka magoti yangu yakamwelekea, nikavua kofia, nikainamisha kichwa. Binti yangu alitazama gati, akanitazama mimi, naye akageuka.

Tuliketi hivyo mpaka boti ilipozunguka nyuma ya meli na gati likafichika. Ilichukua kama dakika saba. Kwetu kilio ni siku tatu.