Upande Uliobaki

Nyumbani kwetu Igogo hatukuwa na jiliwa. Fundi mwenye karakana hukibana chuma kwenye jiliwa kwanza, ndipo akachukua tupa. Mume wangu alikuwa na mguu wangu. Kila Jumapili baada ya ibada alitoa kisu cha mashine ya kukatia majani, akakilaza juu ya jiwe kubwa lililo mbele ya nyumba, akakifunika upande mmoja kwa kipande cha gunia, nami nikakaa kwenye kigoda na kukikandamiza kwa kisigino. Yeye alichuchumaa upande wa pili akasugua tupa kuelekea ziwani, mbali na mguu wangu. Miaka yote ile hakuwahi kunikwaruza. Nalisema hilo kwa sababu watu walisema mengi juu yake, na hilo hawakulisema.

Ukikiona kisu chenyewe hutakiita kisu. Ni bapa refu la chuma, lina tundu katikati na makali mafupi kwenye ncha zote mbili. Vilikuwa viwili, kimoja kikifungwa kwenye mashine kazini na kingine kikiwa nyumbani kunolewa. Mara ya kwanza alikinoa kama sisi tunavyonoa panga na fyekeo, huku na huku, mpaka kikanyoa nywele za mkononi. Akajisifu, nami nikamsifu. Kesho yake kiligonga kokoto, makali yakapukutika, na mashine ikatetemeka mpaka akarudi nyumbani mikono imekufa ganzi.

Fundi mmoja wa mjini ndiye aliyemweleza. Kisu cha mashine hunolewa upande wa juu tu, na hakitakiwi kuwa kikali kama wembe, maana wembe hauna nguvu mbele ya jiwe, na Mwanza hakuna bustani isiyo na mawe. Kubwa zaidi, ncha zote mbili ziwe na uzito sawa. Basi mume wangu alipiga msumari kwenye mwimo wa mlango wetu, na kila akimaliza kunoa alikitundika kisu pale kwa lile tundu la katikati. Ncha iliyozama ndiyo iliyokuwa nzito, akaishusha na kuisugua tena kidogo. Hakuwahi kuacha ncha moja kwa ajili ya kesho. Aliniambia kisu kilichonolewa upande mmoja ni kibaya kuliko kisu butu, kwa kuwa kinaivunja mashine polepole bila mtu kujua.

Kabla ya mashine, jiwe lile halikuwa letu peke yetu. Mume wangu alikuwa katika kundi la wanaume waliofyeka majani kwenye eneo la shirika moja la umma, eneo pana linaloteremka mpaka ufukweni. Jumapili mchana walipanda kwetu na mafyekeo yao, kwa sababu jiwe letu lilikuwa zuri la kunolea na lilikuwa na kivuli cha nyumba. Kila mtu alikuwa na mahali pake pa kukaa. Mkerewe mmoja wa Nansio alitaniwa kila wiki kwamba ananoa kama anaparua samaki, naye akawajibu kwamba Wasukuma wananoa kama wanamkuna ng'ombe mgongoni. Niliwachemshia matobolwa, viazi vitamu vikavu, wakala na karanga, na tupa zililia pamoja mpaka jua lilipopungua. Nilikuwa nikilalamika kuhusu kelele zile. Mungu anisamehe.

Mmoja wao alikuwa rafiki wa mume wangu wa kufa na kuzikana. Walizaliwa kijiji kimoja huko Misungwi, wakaja mjini pamoja, wakaajiriwa siku moja, na ndiye aliyemsimamia mume wangu siku ya harusi yetu. Nyumba yake ilikuwa chini ya yetu kwenye mlima uleule. Akikohoa kwake, tulimsikia.

Ndipo shirika likauzwa. Ilikuwa miaka ile ambayo kila kitu kilikuwa ruksa, mitumba imejaa sokoni, viwanda vya minofu ya sangara vinafunguliwa kandokando ya ziwa, na watu wakiambiwa kila siku kwamba mambo sasa yatakuwa mazuri. Kwa wengine yalikuwa mazuri kweli. Mwenye mali mpya alileta mashine ya kukatia majani, nyekundu, na meneja wake akawaita wafyekaji wote akawaambia wamepunguzwa. Kisha akamwonyesha mume wangu kidole akamwambia abaki aisukume.

Kwa nini yeye, hatukujua wakati huo na mpaka leo sijui. Pengine alikuwa amesimama mbele. Alichofanya ni kumfuata meneja ofisini na kumwomba amwachie na rafiki yake, wabadilishane siku na kugawana mshahara. Meneja alimjibu kwamba mashine ina mpini mmoja. Alinieleza hayo jioni ile akiwa bado hajavua viatu, na uso wake ulikuwa kama wa mtu aliyetoka kuzika.

Jumapili iliyofuata hakuna aliyepanda. Nilikuwa nimechemsha sufuria nzima ya matobolwa, tukala sisi na watoto mpaka tukachoka nayo. Maneno yalikuwa yameshatangulia kwamba mume wangu alikwenda kwa meneja kwa siri akawachongea wenzake ili abaki peke yake. Bombani wanawake walikuwa wakiongea, nikifika na ndoo wananyamaza. Siku moja nikamsikia mke wa Mkerewe akisema kikulacho ki nguoni mwako, akiangalia ndoo yangu badala ya kuniangalia mimi. Mimi si mtu wa kunyamaza. Nilimjibu maneno ambayo siwezi kuyaandika, nikarudi nyumbani bila maji.

Aliyetuumiza zaidi hakusema neno. Rafiki yake alipata kibarua cha kubeba magunia ya dagaa mwaloni, kwenye soko la ziwani, na njia yake ya kurudi ilizungukia juu ya mlima ikashuka mbele ya jiwe letu. Zamani kila asubuhi aliita mwangaluka kutusalimu kabla hata hatujamwona. Sasa alipita akiangalia miguu yake. Fyekeo lake alilichomeka kwenye paa la kwake, nikawa naliona kila ninaposhuka bombani, likishika kutu.

Nilitaka kumweleza ukweli. Nilikuwa nimeshafika mlangoni na kanga yangu nimeifunga vizuri, mume wangu akanishika mkono.

"Ukimwambia nilimwombea, itakuwa naomba anishukuru," akasema. "Mtu hana kazi, halafu anishukuru. Acha."

Nikaacha, kwa hasira. Tangu siku hiyo mimi ndiye niliyemsaidia kunoa, kwa kuwa zamani yeye na wenzake ndio walioshikiana vyuma. Ikawa mguu wangu na tupa yake, Jumapili baada ya Jumapili. Akisikia hatua za mtu anapanda mlima, alisimamisha tupa na kuangalia njiani. Mtu akishapita, aliendelea. Nilijua anamsubiri nani, naye alijua kwamba ninajua, na hatukuzungumza habari hiyo.

Kuna kitu niliogopa ambacho sikumwambia. Kwetu mtu hupimwa siku ya kufa kwake, kwa wanaokuja na jembe. Nilikuwa nikilala nikijiuliza huyu mume wangu nani atakuja kumzika.

Alianza kuumwa kifua baada ya mvua za masika. Alikwenda kazini hivyohivyo, akisukuma mashine na kupumzika kila mwisho wa mstari. Jumapili ya mwisho alinoa ncha moja tu. Alipoligeuza bapa aanze ncha ya pili, aliiweka tupa chini, akaniambia amechoka, ataimalizia kesho. Nilishtuka zaidi kwa neno lile kuliko kwa kikohozi. Alikitundika kisu kwenye msumari, ncha butu ikazama, akakiangalia hivyo kwa muda kisha akaingia ndani kulala. Hakuamka tena kwenda kazini. Alifia hospitali kabla ya Jumapili nyingine.

Asubuhi ya mazishi nilikuwa nimekaa ndani kwenye mkeka, kama mjane anavyokaa, wanawake wamenizunguka. Nje nikasikia tupa. Kwanza ilikuwa moja, kisha ya pili, kisha nyingi pamoja, zinalia juu ya jiwe letu. Wanaume wa kundi lile walikuwa wamekuja na majembe na mafyekeo yao yenye kutu, wananoa kwa ajili ya kusafisha njia ya makaburini na kuchimba. Wote walikuja. Mke wa Mkerewe ndiye aliyekuwa amenishika bega. Wanawake walidhani ninalia kwa uchungu wa kufiwa tu. Nilikuwa nalia kwa shukrani kwamba atazikwa na watu, na kwa hasira kwamba walikuwa wamejua njia ya kuja kwetu siku zote, na yeye hakuwepo kuisikia sauti ile aliyoisubiri.

Rafiki yake alibeba jeneza upande wa kichwani. Sikumpa mkono.

Matanga yalipokwisha, mlinzi wa ofisini alitumwa kuja kuchukua kisu, kwa kuwa kazi ilikuwa imepewa kijana mwingine. Nilimwambia aje Jumatatu. Hakuna aliyenituma kufanya hivyo, ila sikuweza kukubali kazi ya mume wangu irudi kule ikiwa nusu. Kazi iliyomfanya atengwe na wenzake angalau imalizike.

Jumapili nikakilaza kisu juu ya jiwe, nikaweka gunia, nikakanyaga, nikainama na tupa. Haiwezekani. Ukikandamiza kwa mguu huwezi kunyoosha mkono sawasawa, na ukiufikisha mkono, mguu unalegea. Kisu kiliteleza mara kwa mara, tupa ikawa inapiga kelele bila kunoa. Nilikuwa karibu kuitupa chini ya mlima.

Nikaona miguu ya mtu mbele yangu. Alikuwa yule rafiki wa mume wangu. Nyumba yake ilikuwa karibu, alikuwa ameisikia tupa. Sauti ileile aliyoisikia Jumapili zote zile akiwa amekaa kwake.

"Shemeji," akasema, "nipe tupa. Wewe shikilia."

Nilitaka kukataa. Nilimpa. Nilikaa kwenye kigoda changu, yeye akachuchumaa mahali pa mume wangu, akakigeuza kisu na kupapasa kwa kidole ile ncha iliyokwisha kunolewa, apate kujua mlalo wake. Akaanza. Alikuwa amezeeka mikono kwa magunia, lakini hakuwa amesahau. Nilimwacha anoe kidogo, kisha nikasema nililokatazwa kusema, kwa kuwa aliyenikataza hakuwepo tena.

"Mwenzako alikuombea kazi kwa meneja. Mgawane. Akakataliwa."

Tupa ikasimama.

"Najua," akasema. "Karani wa ofisini alinieleza, mwezi uleule."

 Miaka yote ile nilidhani anapita pale kwa chuki, na chuki nilikuwa nimeizoea. Nikamuuliza kama alijua, kwa nini hakuja.

 "Nilikuwa nimeshamtukana kwa watu, shemeji. Ningekuja kusema nini?"

"Usingesema kitu," nikamwambia. "Ungekuja ukanoa tu."

 Aliinamisha kichwa mpaka nisiuone uso wake, akaishika tupa tena, akaendelea kusugua kuelekea ziwani, mbali na mguu wangu.